Dairekta Aliyechukia Kelele za Shanga

Lodwar nzima ilimwita Dairekta. Jina lake halisi nalijua vizuri, maana katika kila filamu yake hupita mbele ya macho mara tano: aliyeandika ni yeye, aliyeongoza ni yeye, aliyepiga picha ni yeye, aliyehariri ni yeye, mwenye wazo ni yeye, na safari moja nililikuta hata kwenye orodha ya watu wa kushukuriwa. Sitalitaja hapa. Limetajwa vya kutosha. Alikozaliwa sijui, na ukoo wake sikuwahi kuuliza, kwa sababu yeye mwenyewe alizungumza kana kwamba maisha yake yalianza siku aliyoshika kamera.

Mimi ni mwalimu wa Kiswahili katika shule ya upili hapa mjini. Kwa miaka minane, kila likizo ilipofika, nilikuwa mkalimani wake. Filamu zake zote zilihusu Waturkana, na Kiturkana chake kiliishia kwenye salamu. Angesema "Ejok", aitikiwe "Ejok nooi", halafu anigeukie mimi. Nilitafsiri maswali yake kwa wazee, nikatafsiri majibu ya wazee kwake, na baadaye nikaketi wiki nzima kuandika maneno ya Kiswahili yanayopita chini ya picha. Kwa hiyo nisijifanye mgeni katika haya ninayoyasimulia.

Na niseme mapema kinachoniuma, msomaji asije akadhani ninamchukia mtu bure. Katika ile filamu iliyompa sifa kuna dakika mbili za mama yangu akiwa shingo wazi, bila ushanga hata mmoja, na sauti ya Dairekta inasema huyu ni mjane. Baba yangu alikuwa hai. Nilimwomba Dairekta aziondoe dakika hizo. Nilimwomba kwa miaka mitano.

Sura yake ilikuwa ya kawaida, ndiyo maana aliihangaikia sana. Alivaa kofia ya sufu katika joto la Lodwar, joto ambalo mbuzi wenyewe hulikimbia wakaenda kujibanza ukutani. Jasho lilimtiririka masikioni, lakini kofia haikutoka. Juu ya shati alivaa kizibao chenye mifuko kumi na minne. Niliihesabu siku moja tulipokuwa tumekwama njiani kwenda Todonyang. Kumi na mbili ilikuwa mitupu. Shingoni alining'iniza kioo kidogo cheusi cha kutazamia jua, na kila baada ya muda alikiinua jichoni, akatazama angani, akatikisa kichwa kwa masikitiko. Jua la Turkana halikuwahi kumridhisha.

Neno lake lilikuwa "Tena!" Hakuna mtu aliyefanya jambo mbele ya kamera yake akalifanya mara moja. Mama akichota maji, tena. Mzee akikohoa, tena. Kulikuwa na mchungaji mmoja wa upande wa Kakuma ambaye Dairekta alimtaka apandishe mbuzi wake kutoka kwenye laga, ule mto mkavu, jua likiwa nyuma yao. Wakapanda. "Tena!" Wakashushwa, wakapandishwa. "Tena! Ya mwisho kabisa!" Hiyo ya mwisho kabisa ilifika mara ya kumi na moja, na hapo mbuzi waligoma. Walilala mchangani wote, na mchungaji akalala nao, akajifunika shuka lake usoni. Mbuzi walikuwa na akili kutushinda.

Alisema pia, na hili alilisema kwa sauti ya chini kama mtu anayetoa siri, kwamba ukweli unahitaji kusaidiwa kidogo. Niliusikia msemo huo nikiwa mgeni kazini na ukanipendeza. Nilidhani ana maana ya mwanga na sauti. Baadaye niliona alivyokuwa akiusaidia. Aliwahi kukodi gari, akaleta watu kutoka Nairobi kupiga picha za ukame, na siku waliyofika mvua ikanyesha. Mvua yenyewe si ile ya kudanganya. Laga zilifurika, na wiki ya pili nchi nzima ilikuwa ya kijani. Wazee walikuwa wanaimba. Dairekta alikaa ndani ya gari amefunga vioo, amenuna. Nilikwenda kumwita ale nyama, maana wenyeji walikuwa wamechinja, akaniambia, "Mwalimu, hii nyasi imeniharibia filamu."

Mzee mmoja aliniuliza yule mgeni ana msiba gani. Nikamwambia amesikitika kwa sababu ya mvua. Mzee aliona kama ninamtania, kisha akaenda kuwaambia wenzake, na mpaka leo nikipita boma lile huwa naulizwa kama yule mtu wa kulilia mvua bado yu hai.

Hakukata tamaa. Alitafuta mahali palipobaki pakavu, nyuma ya barabara, akataka mbuzi waliokonda. Mwenye boma akamletea beberu mnene, anayeng'aa, aliyekuwa fahari yake. Dairekta akasema hapana, amletee yule mgonjwa aliyefungwa kando. "Anataka mbuzi wa aibu?" mwenye boma akaniuliza. "Watu wa mbali wakiona huyo watasema mimi ni mtu wa namna gani?" Nilimtafsiria Dairekta kwamba mzee anauliza kama yule mgonjwa atatosha.

Hapo ndipo dhambi yangu ilipokuwa, na ilikuwa inakua likizo baada ya likizo. Nilikuwa nalainisha. Maneno makali ya wazee yalipita kinywani mwangu yakatoka yamekatwa kucha. Nilijiambia ni adabu, kwamba mkalimani hapaswi kugombanisha watu. Kweli ilikuwa kwamba nilipenda kuona jina langu likipita chini ya skrini, dogo, mwishoni kabisa, mahali ambapo watu wameshaanza kusimama.

Kupiga picha kwake alitembea kinyumenyume. Mtu anakuja mbele, yeye anarudi nyuma, jicho kwenye kamera, na hakuna aliyeruhusiwa kumgusa wala kumsemesha. Kule karibu na Kerio alirudi nyuma namna hiyo akiwapiga picha wanawake waliobeba kuni, akarudi, akarudi, mpaka akaketi kwenye kichaka cha mathenge. Mwenye kuijua miiba ya mathenge atanielewa. Wanawake waliweka kuni chini ili wacheke vizuri. Nilimchomoa miiba kwa kibano changu cha nyusi kwa saa nzima, naye amelala kifudifudi, bado anauliza kama kamera ilikuwa inaendelea kurekodi wakati anaanguka. Ilikuwa inaendelea. Aliitumia picha ile, mbingu ikizunguka, akasema ni ishara ya nchi iliyopoteza mwelekeo.

Alikuwa mwandishi pia, na msiniulize alichapisha nini. Alikuwa na daftari lenye jalada gumu ambamo, kwa maneno yake, riwaya kubwa ya kaskazini ilikuwa inakaribia kukamilika. Ilikuwa inakaribia tangu siku ya kwanza nilipomjua. Aliiandikia Kakuma, katika hoteli ya mama mmoja Msomali karibu na kituo cha mabasi yaendayo Lokichoggio, kwa sababu pale chai ya maziwa ya ngamia ilikuwa nzuri na hakuna aliyemfukuza mezani. Alipenda kutusomea. Katika kila sura alikufa mtu: kwa kiu, kwa risasi, kwa mamba, na daima kulikuwa na kijana mwenye kamera aliyesimama kando akilia, ambaye hafi. Siku moja mama mwenye hoteli alimsikiliza mpaka mwisho, akafuta meza.

"Dairekta," akasema, "wewe naua watu yote kwa hiyo kitabu, halafu naitisha chai ingine?"

Alicheka, lakini chai aliinywa haraka na daftari akalirudisha mfukoni. Huo ni mmoja wa mifuko miwili iliyokuwa na kitu.

Kingine alichokipenda ni kujiita mtu huru. Mtengenezaji filamu huru. Aliyasema haya kwenye warsha, kwenye redio, kwa dereva wa bodaboda. Hana bosi, hana mfadhili wa kumwambia afanye nini. Lakini keti utazame filamu yake yoyote: kabla hujaona mtu, unaona nembo, moja baada ya nyingine, za mashirika na miradi. Wanafunzi wangu walikuwa wakizisoma kwa sauti kama wanaojibu majina darasani. Na kila nembo ilikuwa na mtu mahali fulani anayependa kuona wajane kwenye filamu.

Nitakuwa mwongo, hata hivyo, nikisema hakuwa na jema. Alikuwa anafundisha vijana wa kambi ya wakimbizi ya Kakuma kupiga picha, kila Jumamosi, katika banda la mabati, na hakuna aliyemtuma. Mwanafunzi wake mmoja, msichana Mkongo, alimwambia mbele ya darasa, "Papa, mbona unatuonyeshaka tukilia tu? Sisi tunachekaka pia." Dairekta alimjibu kwa hotuba ndefu. Yule msichana hakuisikiliza. Alikwenda akatengeneza filamu ya dakika tatu, mama yake akimsuka nywele jirani huku wakimteta mchungaji wa kanisa lao, na ilikuwa nzuri kuliko zote alizowahi kutengeneza mwalimu wake. Dairekta aliitazama akatokwa na machozi. Akampa kamera yake ya akiba, akamwambia ni yako, na hakuidai tena. Wiki iliyofuata alimshauri aweke muziki wa huzuni.

Na kuna siku tulikuwa tunatoka Kerio, tukakuta mwanamke ana uchungu wa kuzaa kando ya njia, na dada yake anapunga kanga. Dairekta alishusha vyombo vyote mchangani, taa, vipaza sauti, masanduku, akampakia yule mama na dada yake, akaendesha mwenyewe hadi hospitali ya Lodwar. Sisi tulibaki na masanduku juani. Mtoto alizaliwa salama. Ningetarajia filamu ya dakika tisini. Hakupiga picha hata moja, na hakuwahi kulizungumza, wala kwenye warsha, wala kwenye redio. Jambo moja la kweli ambalo hakulisaidia kidogo ndilo alilolinyamazia. Sikumwelewa wakati ule na simwelewi hata sasa.

Turudi kwa mama yangu.

Mama husuka vikapu vya majani ya mkoma hapa Lodwar. Baba alikuwa mvuvi Kerio, anakuja nyumbani mwisho wa mwezi na samaki wakavu, anakaa siku nne tano, anarudi. Dairekta alikuwa anatengeneza filamu ya wanawake wasukaji na mimi ndiye niliyemleta nyumbani. Nilijivuna, sitaficha. Siku ya kwanza Baba alikuwepo, ameketi mlangoni anashona wavu, na Mama aliketi uani na shanga zake zote, kuanzia mabegani hadi kidevuni, nyekundu na njano na bluu. Alisuka na kuongea. Kila alipoinamisha kichwa shanga ziligongana, na kila zilipogongana fundi mmoja wa sauti aliyetoka Nairobi alifumba macho.

"Buda, hizi shanga zinanimaliza," akamwambia Dairekta. "Siskii kitu ingine. Ni kelele tu."

"Tena!" akasema Dairekta. Mama akaanza upya. Shanga zikagonga. Baba akasema jambo kutoka mlangoni, Mama akacheka. "Tena!" Walirudia hadi saa saba, kisha Dairekta akavua vipokea sauti, akasema kazi yote ya siku ile ni takataka.

Alfajiri Baba alipanda gari la samaki kurudi Kerio. Dairekta alirudi saa tatu. Akachuchumaa mbele ya Mama, akanishika bega, akasema, "Mwalimu, mwambie azivue. Dakika kumi tu. Halafu atazivaa."

Mwanamke wa Kiturkana aliyeolewa havui shanga zake. Analala nazo, anaoga nazo, anazaa nazo. Anazivua akiugua ugonjwa mzito, na anazivua mumewe akifa. Mtu akiiona shingo yake tupu haulizi kuna nini. Anatoa pole. Hilo nalijua tangu sijaota meno. Na bado, kwa sababu watu wote walikuwa wananingoja na jua lilikuwa linapanda na fundi wa sauti alikuwa anatazama saa, nilimgeukia mama yangu nikamwambia avue.

Mama aliweka kikapu chini. "Nimlilie nani?" akaniuliza. "Baba yako ameondoka leo asubuhi akiwa mzima. Unaniambia nimlilie nani?"

"Anasemaje?" akauliza Dairekta.

"Anauliza kama zitakuwa salama," nikasema.

"Mwambie nitazishika mwenyewe."

Sikumwambia hivyo. Nilimwambia ni mchezo tu, ni kazi yangu, nisaidie. Mama alinitazama mimi, hakumtazama Dairekta hata mara moja, na mikono yake ikaenda nyuma ya shingo. Zilichukua muda mrefu kutoka. Chini yake ngozi ilikuwa nyororo na ya rangi nyingine, na nilitazama pembeni kama niliyemkuta akioga. Halafu alisuka kimya, na kimya chake ndicho Dairekta alichokipenda. Alipiga picha mara moja tu. Siku ile hakusema "Tena".

Filamu ilionyeshwa mjini alasiri moja, katika ukumbi wa kanisa, madirisha yamezibwa kwa mablanketi na watu wanajipepea kwa chochote. Baba alitoka Kerio makusudi, amevaa shati lake la Krismasi, akaketi mstari wa mbele na Mama. Mimi nilisimama nyuma. Nilikuwa nimeandika maneno yote ya chini ya picha, lakini yale ya sauti ya Dairekta aliyaongeza mwenyewe baadaye. Mama akatokea ukutani, shingo wazi, mkubwa kuliko mlango, na sauti ikasema, "Ukame ulimchukua mumewe. Vikapu ndivyo vilivyobaki."

Ukumbi wote ulimgeukia Baba. Alisimama. Mwanga wa projekta ulimpiga mgongoni na kivuli chake kikamfunika Mama ukutani. Alisema kwa Kiswahili, ili wageni wote wasikie, "Mimi niko hapa. Nani amesema mimi nimekufa? Nani amenizika?"

Watu wakacheka, kwanza wachache, kisha wote. Dairekta alipiga makofi. Alidhani ni shangwe. Alimkimbilia Baba na kamera, akampiga picha amesimama pale, mdomo wazi.

Baba hakumpiga Mama, hakumtukana. Ingekuwa nafuu. Alirudi Kerio siku ileile, na tangu hapo alipokuja Lodwar alifikia kwa ndugu yake. Alipita nyumbani kusalimia kama jirani, akasimama nje ya ua, akaacha samaki langoni. Nilipomsihi aingie alisema, "Mimi nimeshaliliwa. Mtu aliyeliliwa haingii tena kula." Mama alisikia maneno hayo kutoka ndani. Nilimfuata Kerio mara mbili kumweleza kwamba kosa ni langu, na mara zote mbili alinisikiliza, akanipa chai, akasema kwamba mimi niliomba, lakini aliyevua ni mkewe.

Basi nikaanza kumwomba Dairekta. Nilitaka kitu kimoja: atoe dakika zile mbili, arudi katika ukumbi uleule, aionyeshe filamu bila mume aliyekufa, Baba akiwepo. Kwanza alinielimisha. Filamu ikishatoka haiguswi, alisema, hiyo ndiyo heshima ya sanaa. Kisha alinipa ahadi. "Kesho, Mwalimu." Kesho ya Dairekta niliifahamu. Nilimwona akiiahidi kwa wazee, kwa machifu, kwa wanawake waliotaka picha za watoto wao, na sikuona mtu aliyeifikia. Nilipomwomba zile picha za siku ya kwanza, Mama akiwa na shanga zake, alisema alizifuta. Nani anatunza takataka? Halafu nikasikia kwamba waandalizi wa tamasha moja la ng'ambo wamemwomba apunguze dakika kumi na mbili kwa sababu filamu ni ndefu, naye amezipunguza kwa siku mbili. Zile mbili za Mama aliziacha. Wao walizipenda kuliko zote.

Siku hiyo nilimwendea Kakuma hotelini, nikamwambia mbele ya watu kwamba yeye ni mwizi. Aliinua macho kutoka kwenye daftari. Hakukasirika.

"Mama alikubali," akasema. "Ulinitafsiria wewe mwenyewe. Aliuliza tu kama zitakuwa salama. Si ndivyo?"

Nilitoka nje, nikapanda gari, na sikumfanyia kazi tena.

Baba alifariki Kerio mwaka jana, kifua, siku tatu tu. Wanawake wa ukoo walikuja nyumbani kumvua Mama shanga, kama inavyopasa. Mama alikataa. Aliketi katikati yao akazikumbatia kwa mikono miwili. "Zake nilishavua," akawaambia. "Nyote mliona kwenye ukuta wa kanisa. Nikivua tena, namlilia mume gani?" Walikaa naye siku mbili. Siku ya tatu nilipoamka nilizikuta juu ya kitanda changu, zimekunjwa ndani ya kitambaa, naye alikuwa uani anasuka. Alizivua peke yake, na sikumwona.

Dairekta alikuja baada ya wiki chache, asubuhi. Nilimwona langoni nikadhani ni mtu mwingine, kwa sababu hakuwa na kofia. Kumbe ana upara. Hakuwa na kizibao wala kile kioo cha jua. Alibeba kompyuta ndogo kifuani. Alisema "Ejok" na Mama akaitikia "Ejok nooi", na kwa mara ya kwanza hakunigeukia. Alitazama shingo ya Mama, na nikaona sasa anajua anachokitazama.

"Nimezitoa zile dakika," akasema. "Nimeweka zile za siku ya kwanza. Sikuwa nimezifuta."

Nilicheka kwa hasira. Miaka mitano nilitaka Mama aonekane na shanga zake, na huyu mtu amemvisha sasa, akiwa mjane kweli. Hata kusema kweli alikuwa amechelewa. Nilimwambia hivyo hivyo, bila kulainisha. Na kwa kuwa nilikuwa nimeanza, nilimalizia. Nilimwambia alichouliza Mama asubuhi ile, neno kwa neno: nimlilie nani?

Dairekta aliketi chini, mchangani. "Hukuniambia," akasema.

"Sikukuambia."

Mama alituuliza kama tutagombana mpaka jua liwe kali au tutaonyesha hicho kilicholetwa. Dairekta akafungua kompyuta, akaiweka juu ya kikapu kilichogeuzwa.

Ilikuwa Mama, uani hapa hapa, na shanga zake zote. Alisuka, akainama, shanga zikagonga, tik tik tik, kelele ileile iliyotupotezea siku nzima. Kisha, kutoka upande ambao kamera haikuuona, Baba akasema jambo. Mama wa kwenye kompyuta akacheka, akatupa kichwa nyuma, na shanga zikagonga zote kwa pamoja.

Mama yangu hakutikisika. Sikuwa nimeisikia sauti ya Baba tangu tulipomzika.

"Mzee anasema nini?" akauliza Dairekta. Miaka yote alikuwa nayo na hakujua.

Nilitafsiri kwa mara ya mwisho. "Anasema, 'Huyu mwanamume mzima, hana kazi ya kufanya?'"

Dairekta aliinamisha kichwa chake chenye upara. Sijamsamehe. Filamu zake bado ni mbovu, na riwaya ile haitakwisha. Lakini Mama alinyoosha mkono, akamgusa begani, akamwambia kwa Kiswahili chake, "Tena."

Akarudisha. Baba akauliza, Mama akacheka.

"Tena."

Ilifika mara ya kumi na moja. Nilihesabu. Hakulalamika, hakutazama saa, alirudisha tu kila alipoambiwa. Hapo Mama akasogea karibu, sikio lake likikaribia kugusa ile kompyuta, na vidole vyake vikapanda shingoni, vikatafuta, visikute kitu.

"Ongeza sauti."

"Ya mzee?"

"Na ya shanga," akasema Mama.

Dairekta akaongeza.